Usitupe Kisanduku cha Sauti: Jaribu Hatua Hizi Kwanza



Somo letu la leo ni juu ya kifaa cha zamani na kompyuta mpya. Tuseme kwaya moja pale Rodi Kopany ina kaseti za miaka ya tisini. Ndani yake mna nyimbo na sauti za wazee ambao wametutangulia. Wana pia kisanduku cha sauti, kile kifaa kinachokaa kati ya redio kaseti au maikrofoni na kompyuta. Kompyuta yao ya kwanza ilikufa, wakachanga, wakanunua nyingine yenye Windows 11. Wanachomeka kisanduku: kimya! Mmoja anasema, "Hiki kimekwisha, tuchange tena." Je, ni kweli? Mara nyingi sivyo.

KWA NINI KINAKATAA

Kisanduku hugeuza sauti iwe tarakimu ambazo kompyuta inaweza kuzihifadhi. Lakini hivi viwili vinahitaji mkalimani, yaani programu ndogo iitwayo draiva. Mhubiri asiyejua Dholuo akija kwetu bila mkalimani, ujumbe wake hautufikii hata uwe mzuri namna gani.

Draiva nyingi za wakati wa Windows XP (2001) ziliandikwa kwa mfumo wa biti 32. Windows 11, iliyotoka mwaka 2021, ni ya biti 64 peke yake. Draiva ya biti 32 haifanyi kazi humo hata ukiilazimisha. Basi aliyezeeka ni mkalimani. Kisanduku chenyewe huenda ni kizima.

HATUA ZA KUFUATA

1. Anza na waya. Chomeka kisanduku moja kwa moja kwenye kompyuta. Badilisha tundu, kisha jaribu waya mwingine.

2. Usiweke draiva yoyote bado. Visanduku vingine vya USB hufuata kanuni ya pamoja, na kompyuta tayari ina mkalimani wao. Ngoja kidogo, halafu tazama kwenye mipangilio ya sauti kama jina lake limetokea.

3. Jina lipo lakini hakuna sauti? Kichague kisanduku hicho kiwe njia ya kuingizia sauti. Kisha fungua mipangilio ya faragha na uruhusu programu zitumie maikrofoni. Ruhusa hii ikifungwa, kisanduku kizima huonekana kibovu.

4. Jina halipo? Soma namba ya modeli chini ya kisanduku, utafute draiva kwenye tovuti ya kampuni iliyokitengeneza. Tovuti za ovyoovyo huleta virusi.

5. Kampuni imekiacha? Mwombe fundi awashe kompyuta kwa Linux kutoka kwenye flashi. Linux ni ya bure, inajua visanduku vingi vya zamani, na unaweza kuijaribu bila kufuta Windows.

6. Yote yakishindikana, tafuteni kompyuta kuukuu ya kurekodia tu. Isiunganishwe na intaneti. Hamisheni kazi kwa flashi.

Onyo: kama kisanduku ni cha FireWire, msinunue kile kiunganishi kidogo cha kugeuza plagi iwe ya USB. Hakitasaidia. Hiyo ni pesa ya kikundi inapotea.

KIKISHAKUBALI

Kwanza vunja vijino viwili vya nyuma ya kaseti, ili mtu asirekodi juu yake kwa bahati mbaya. Unganisha tundu la hedfoni la redio na tundu la laini la kisanduku, si la maikrofoni. Punguza sauti isifike kwenye nyekundu. Programu ya Audacity ni ya bure na inatosha. Hifadhi kwa WAV. Saa moja huchukua karibu MB 635. Wekeni nakala mbili katika nyumba mbili.

Anzeni na kaseti yenye sauti isiyopatikana kwingine. Utepe huchakaa, na ukikatika au kuoza hakuna mchango utakaomrudisha mzee aimbe tena. Watu 5,000 walipokwisha kushiba, Bwana Yesu hakuacha mabaki yatupwe. Nasi tutunze tulicho nacho kabla ya kuomba kingine.

MASWALI YA KUJADILI

1. Kikundi chetu kina kaseti gani, na nani anazitunza?
2. Ni kifaa gani tulichokitupa bila kukijaribu vizuri?
3. Ni kijana gani kati yetu atakayejifunza kazi hii na kuwafundisha wengine?