Alama Moja, Maana Nyingi: Kumbukumbu ya Dawa za Pumu Ulizowahi Kuvuta

Somo hili linamhusu kila mtu aliyewahi kutumia dawa ya pumu ya kuvuta kwa mdomo, hata kama aliiacha miaka kadhaa iliyopita. Tunaeleza jinsi matumizi hayo yanavyoandikwa kwa alama katika kumbukumbu za tiba, kwa nini alama hiyo peke yake haitoshi, na mambo ambayo mgonjwa anapaswa kuyaomba kabla ya kuondoka hospitalini.

Safari ya mgonjwa na safari ya taarifa zake

Mji wa Tabora ulikua penye njia panda. Katika karne ya 19 misafara iliyotoka Bagamoyo ilifika Unyanyembe, na hapo njia iligawanyika: moja ilikwenda Ujiji, nyingine ilipanda kaskazini kuelekea Karagwe na Buganda. Wapagazi wengi wa kutoka pwani waliishia hapo, na mizigo ikachukuliwa na wapagazi wapya. Aliyepokea mzigo hakuuona ukifungwa. Alichojua ni kile tu alichoambiwa na aliyemkabidhi.

Mgonjwa wa leo naye hupita katika mikono mingi. Anaweza kuanzia zahanati ya kijiji Urambo au Sikonge, akapelekwa Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Kitete mjini Tabora, na baadaye Bugando, Mwanza, au Muhimbili, Dar es Salaam. Katika kila kituo hukutana na tabibu asiyemfahamu. Iwapo karatasi aliyoibeba haisemi kila kinachohitajika, tabibu huyo analazimika kukisia.

Alama za magonjwa ni nini?

Shirika la Afya Duniani hutoa Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa. Toleo lake la 10 lilipitishwa mwaka 1990. Toleo la 11 lilianza rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini toleo la 10 lingali likitumika katika nchi nyingi. Humo kila ugonjwa umepewa alama ya herufi na tarakimu; pumu, kwa mfano, ni J45. Alama hizi huwezesha wagonjwa kuhesabiwa kwa namna moja kila mahali, na mifuko ya bima huzitumia kupima madai ya malipo.

Alama zinazoanza na herufi Z hazitaji ugonjwa. Zinataja hali au historia ambayo tabibu anapaswa kuijua. Miongoni mwake ni Z92.2, yenye maana ya historia ya kutumia dawa nyinginezo kwa muda mrefu. Hapo ndipo mtu aliyewahi kuvuta steroidi huweza kuwekwa.

Tatizo ni kwamba alama hiyo ni pana mno. Haitaji jina la dawa, wala haisemi kama ilivutwa au ilimezwa. Zaidi ya hayo, katika toleo la kimataifa alama hiyo moja hubeba matumizi yaliyokwisha na yale yanayoendelea.

Marekani, katika toleo lake yenyewe, imeyatenganisha mambo hayo. Z79.51 ni ya mtu anayetumia steroidi za kuvuta kwa muda mrefu hadi sasa. Z92.240 ni ya mtu aliyewahi kuzitumia. Z92.241 ni ya mtu aliyewahi kutumia steroidi zinazoenea mwili mzima, kama vile za kumeza. Alama hizo tatu hazimo katika toleo la kimataifa. Kwa hiyo mahali panapotumika toleo la kimataifa, tofauti hiyo haina budi kuandikwa kwa maneno.

Kwa nini tofauti hiyo ina uzito?

Kwanza, si kila dawa ya kuvuta ni steroidi. Salbutamoli hufungua njia za hewa kwa muda mfupi wakati wa kubanwa kifua. Beklometasoni na budesonidi ni steroidi. Hutuliza uvimbe ndani ya njia za hewa na hutumiwa kila siku ili kuzuia shambulio. Mgonjwa akisema tu kwamba alikuwa “anavuta dawa”, hajaeleza ipi kati ya hizo.

Pili, steroidi za kumeza, kama prednisoloni, huenea mwilini kwa wingi kuliko zile za kuvuta kwa kipimo cha kawaida. Zikitumika kwa muda mrefu, tezi zilizo juu ya figo zinaweza kupunguza kutengeneza homoni ambayo mwili huihitaji wakati wa ugonjwa mkali au upasuaji. Steroidi za kuvuta nazo zinaweza kuleta hali hiyo, hasa kwa vipimo vikubwa. Baada ya dawa kuachwa, tezi hizo zinaweza kuchukua miezi kadhaa kurudia nguvu zake.

Tuchukue mfano wa mkulima wa tumbaku anayefika hospitali kufanyiwa upasuaji wa ngiri. Alivuta beklometasoni kwa kipimo kikubwa kwa miaka minne, akameza prednisoloni mara kwa mara, na ameziacha zote miezi mitatu iliyopita. Karatasi yake ikiandikwa Z92.2 bila neno jingine, mtaalamu wa usingizi hana la kumwonya kwamba shinikizo la damu la mgonjwa huyu laweza kushuka kwa hatari. Mstari mmoja wa maneno ungetosha kumfanya ajiandae.

Kosa la upande wa pili nalo lina madhara. Mgonjwa aliyekwisha kuacha dawa akiandikwa kuwa bado anaitumia, tabibu mpya ataona kifua kinabana ingawa mgonjwa “yumo kwenye dawa”. Atadhani dawa imeshindwa na kuongeza yenye nguvu zaidi, ilhali kilichohitajika ni kuirejesha ile ya kwanza.

Kuhusu fomu ya bima

Alama ya historia haichukui nafasi ya alama ya ugonjwa uliokuleta. Mtu aliyetibiwa malaria leo, na aliyewahi kuvuta steroidi zamani, aandikiwe malaria kama ugonjwa wa siku hiyo. Soma fomu kabla ya kutia saini, na uliza maana ya alama usiyoielewa. Hata hivyo, hatumshauri mtu yeyote kuficha historia yake anapoulizwa na bima. Taarifa ya uongo inaweza kusababisha madai kukataliwa.

Mambo ya kuomba yaandikwe

Kwenye daftari lako na kwenye barua ya rufaa, omba yaandikwe kwa maneno:

1. Jina la dawa, si rangi ya kopo lake.
2. Njia ya matumizi: kuvuta, kumeza au sindano.
3. Kipimo, na mara ngapi kwa siku.
4. Mwezi na mwaka ulioanza, na ulioacha.
5. Sababu ya kuacha: ushauri wa tabibu, madhara, au kukosa dawa.

Tunza kopo la mwisho au karatasi yake, kwa kuwa jina na kipimo huandikwa hapo. Ukigundua kosa, omba lisahihishwe. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inazihesabu taarifa za afya kuwa taarifa nyeti, na inampa mhusika haki ya kuzifahamu na kuomba zisizo sahihi zirekebishwe.

Mwisho, somo hili lisiwe sababu ya mtu kuacha dawa. Steroidi za kuvuta huokoa maisha ya wenye pumu. Kusukutua mdomo kwa maji baada ya kuvuta hupunguza utando mweupe mdomoni na sauti kukauka. Anayetaka kuacha au kupunguza dawa azungumze kwanza na tabibu wake, na siku ya kuacha iandikwe.