Somo la 31: Sumu moja, mkubwa na mdogo

Mji wa Goma umejengwa karibu na mlima wa moto uitwao Nyiragongo. Mlima huu ulitapika moto mwaka 1977, tena mwaka 2002 na mwaka 2021. Lakini hata ukitulia, sumu zake zipo. Nazo haziwaumizi watu wote sawasawa.

Sumu ya kwanza ni mazuku. Mazuku ni hewa itokayo ardhini, katika nyufa za mawe. Haionekani. Ni nzito kuliko hewa nyingine, kwa hiyo hulala katika mabonde madogo, kama maji katika bakuli. Mtu mzima akipita hapo, mara nyingine kichwa chake huwa juu ya mazuku, naye hupumua vema. Mtoto akipita pale pale, kichwa chake kimo ndani. Huzimia na kufa upesi. Mkubwa naye akiinama hufa. Basi mtoto akiona mwenzake ameanguka bondeni, asishuke kumwinua. Akimbie kuita watu.

Sumu ya pili ni floridi iliyo katika moshi wa mlima. Mvua ipitapo katika moshi ule huichukua, ikaingia katika mapipa ya watu. Floridi kidogo huimarisha meno; ikizidi huyaharibu. Shirika la Afya Duniani limeweka mpaka wa miligramu 1.5 katika lita moja ya maji.

Meno ya ukubwani hujengwa ndani ya ufizi, mtoto angali mdogo, mpaka apate miaka 8 hivi. Floridi ikizidi wakati huo, meno hutoka yana mabaka meupe au ya kahawia. Mtu aliyehamia Goma akiwa mzima hapati mabaka hayo, hata akinywa maji yale yale, kwa maana meno yake yamekwisha kujengwa.

Kuchemsha maji huua vijidudu, lakini hakuondoi floridi. Kwa hiyo maji yenye floridi kidogo wapewe kwanza watoto wadogo.

Mabaka hayo si uchafu, wala hayaambukizi. Mwenye nayo asichekwe.

Maswali
1. Kwa nini mazuku humwua mtoto kabla ya mkubwa?
2. Floridi huingiaje katika maji ya mvua?
3. Ndugu wawili, mmoja wa miaka 3 na mmoja wa miaka 20, wanakunywa maji ya pipa moja. Meno ya nani yatapata mabaka? Kwa nini?