Somo la Kikundi: Picha ya Siri Ikisambazwa

Ndugu wanakikundi, simu siku hizi zinafika hadi bafuni. Mtu anampiga mwenzake picha akioga, anaituma, na jioni Galu na Ukunda nzima wameiona. Kisha watu huuliza, "Kwani yeye alikuwa wapi?" Tuache swali hilo. Mkosaji ni aliyepiga na aliyesambaza.

Sheria yasemaje? Katiba ya 2010, kifungu cha 31, inalinda faragha ya kila mtu. Sheria ya makosa ya kompyuta ya 2018, kifungu cha 37, inasema anayesambaza picha ya utupu ya mwingine aweza kutozwa faini hadi shilingi 200,000, au kifungo hadi miaka 2, au vyote viwili.

Ukiletewa picha kama hiyo:
1. Usiitume kwa yeyote, hata kwa kuonya. Kuituma tena ni kusambaza.
2. Andika namba iliyoituma, tarehe na saa.
3. Mwarifu mwenyewe faraghani. Asifute ujumbe kabla polisi hawajauona.
4. Msindikize polisi akikubali. Achukue namba ya OB.
5. Akiwa mtoto, piga 116. Ni bure.

Jina lake lisitajwe mkutanoni, lisiandikwe kwenye daftari la kikundi, wala lisitajwe katika maombi ya hadhara. Mungu anamjua bila kutangaziwa.

Maswali ya kujadili:
1. Twawezaje kumsaidia mtu bila kutaja jina lake?
2. Ni nani kati yetu anayeaminika kutunza siri?
3. Bafu zetu zimezibwa vizuri?