Dakika 120 za Msitu
Mwongozo wa afya kwa wakazi wa Nairobi

Kwa nini tunakuandikia
Ukiamka na honi za matatu, ukashinda ofisini na kurudi usiku, mwili hulala lakini akili hukesha. Kuketi na kutembea penye miti ni sehemu ya kutunza afya, kama ulivyo usingizi na chakula bora.

Watafiti waliona nini
Mwaka 1984, mtafiti Roger Ulrich alichapisha habari za wagonjwa waliopasuliwa kibofu cha nyongo katika hospitali moja ya Pennsylvania, Marekani. Waliolala karibu na dirisha linaloelekea miti walitoka mapema, wakatumia dawa kali za maumivu kwa uchache kuliko wenzao waliotazama ukuta wa matofali.

Mwaka 2019, utafiti wa watu wapatao 20,000 nchini Uingereza ulionyesha kuwa waliopata angalau dakika 120 kwa wiki kwenye mazingira ya asili walikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kusema wana afya njema na wameridhika na maisha. Iwe mtu alizimaliza siku moja au kidogo kidogo, haikuleta tofauti.

Karura ni yetu
Msitu wa Karura una hekta zipatazo 1,000 ndani ya jiji. Januari 1999, mtetezi wa mazingira Profesa Wangari Maathai na wenzake walishambuliwa na kuumizwa walipokwenda kupanda mti humo, wakipinga ardhi yake kugawiwa wajenzi. Kivuli unachopumzikia leo, wapo waliokilipia kwa damu.

Anza hivi
- Gawa dakika 120 utakavyo: 20 kwa siku sita, au asubuhi moja ya Jumapili.
- Zima simu. Sikiliza ndege, tazama maporomoko ya maji ya Karura.
- Nenda na watoto, au na mzee aliyezoea kushinda ndani.
- Huna nafasi ya kufika msituni? Keti chini ya mti wa mtaani kwako.
- Rudi na takataka zako.

Zingatia
Matembezi hayachukui nafasi ya matibabu. Ukiwa na shinikizo la damu, endelea na dawa zako. Huzuni ikizidi majuma mawili, mwone mhudumu wa afya.

Wiki hii, chagua siku yako. Na ukisikia mti wa mtaa wenu unataka kukatwa, uliza sababu: ni afya yako inayokatwa.