Gemu Uliyoilipia Mtandaoni na Namna ya Kurudishiwa Pesa: Kijitabu kwa Wakazi wa Kindu

Kijitabu hiki ni cha kijana wa Kasuku anayelipia almasi za Free Fire, cha mwanafunzi wa Mikelenge mwenye akaunti ya Steam, cha mwenye chumba cha PlayStation kule Alunguli anayenunua gemu mpya ya mpira kila msimu, na cha mzazi aliyekuta salio lake limepungua bila kujua limekwenda wapi. Kila mmoja wao anaweza kuomba pesa irudishwe ikiwa alichonunua hakifanyi kazi, kilinunuliwa kwa makosa, au kilinunuliwa na mtu mwingine kwa akaunti yake. Ombi hilo lina masharti, na masharti hayo yameandikwa mbali sana na Maniema, na watu wasiojua umeme wetu unavyokatika wala mtandao wetu unavyopotea siku nzima. Anayeyajua mapema hupata pesa yake. Asiyeyajua hukosa hata ile iliyokuwa haki yake.

Pesa hurudi kwa aliyelipa

Tuanze na jambo linalowaumiza watu wengi wa Kindu kuliko mengine yote. Wachezaji wengi hapa hawana kadi ya benki. Humpa franka mwenye kabini, au humtumia rafiki aliye Goma au Kinshasa kwa M-Pesa, Airtel Money au Orange Money, naye hulipa kwa kadi yake. Wengine wana ndugu Ubelgiji au Ufaransa anayewalipia. Njia hii haina ubaya, lakini duka la mtandaoni halimjui mtu aliyetoa franka Kindu. Linaijua akaunti iliyonunua na kadi iliyolipa. Likikubali kurudisha, pesa huenda kwenye kadi ile ile, au hubaki ndani ya akaunti ile ile kama salio la kununulia kitu kingine.

Kwa hiyo jiulize kabla ya kutoa hata franka moja: gemu hii inanunuliwa kwenye akaunti ya nani? Ikiwa mtu wa kati amenunua ndani ya akaunti yako kwa kadi yake, ombi utaliandika wewe lakini pesa itamfikia yeye. Ikiwa amenunua kwa akaunti yake na kukutumia kama zawadi, mara nyingi itabidi yeye mwenyewe ashughulikie ombi. Na ikiwa umempa namba yako ya mchezaji tu ili akujazie almasi, zikishaingia usitegemee kwamba zitarudi kuwa pesa.

Mwandikie ujumbe wa WhatsApp kabla ya kulipa: jina la gemu, bei kwa dola na kwa franka, akaunti itakayotumika, tarehe, na ahadi yake kwamba duka likirudisha pesa atakukabidhi. Mkubaliane pia nani atabeba makato ya kutuma na kutoa pesa, kwa sababu duka hurudisha bei ya gemu tu, si makato ya kabini. Usione haya kudai maandishi hata kama mtu huyo ni ndugu. Baada ya mwezi mmoja kila mtu anakumbuka makubaliano kwa namna yake, na ujumbe ule ndio utakaowapatanisha.

Kadi za zawadi zina hatari yake. Kadi ya PlayStation, ya Apple au ya Google Play imefungwa kwenye nchi. Kadi ya Ufaransa haifanyi kazi kwenye akaunti iliyofunguliwa kama ya Marekani, na namba zake za siri zikishafunuliwa karibu hakuna muuzaji atakayeipokea tena. Angalia akaunti yako ni ya nchi gani kwanza, ndipo uagize kadi.

Muda wa kudai unaanza lini

Kila duka lina muda wake, na muda huo unahesabiwa tangu siku ya kulipa, hata kama hujaifungua gemu.

Kwenye Google Play, ambako ndiko simu nyingi za Kindu hununulia, una saa 48 za kuomba moja kwa moja kwa Google. Fungua ukurasa wa Google Play kwa akaunti iliyonunua, tafuta orodha ya ulivyonunua, kisha bonyeza « Signaler un problème » na ueleze sababu. Jibu kwa kawaida hupatikana ndani ya siku 1 hadi 4. Saa 48 zikipita, Google hukuelekeza kwa kampuni iliyotengeneza gemu, na hapo uamuzi unakuwa wa kampuni hiyo. Fahamu pia kwamba gemu moja hurudishiwa pesa mara moja tu. Ukiinunua tena hutarudishiwa.

Fikiria mtu aliyenunua Ijumaa usiku, mtandao ukapotea Jumamosi na Jumapili, naye akafungua gemu Jumatatu na kukuta haiendani na simu yake. Saa zake 48 zimekwisha kabla hajaiona. Tunasisitiza: nunua wakati mega zipo, chaji ipo na nafasi kwenye simu ipo, kisha jaribu gemu siku hiyo hiyo.

Wenye iPhone wanapata App Store ya Kongo tangu Aprili 2020, Apple ilipoongeza nchi 20 kwenye huduma zake. Ombi hupelekwa kwenye ukurasa wa reportaproblem.apple.com, ambao una Kifaransa. Chagua kuomba kurudishiwa, taja sababu, kisha usubiri. Apple huanza kutoa habari ndani ya saa 48.

Steam, duka kubwa la gemu za kompyuta, ndilo lenye masharti yanayoeleweka kuliko yote. Tangu Juni 2015 linarudisha pesa kwa sababu yoyote ile, mradi ombi lifike ndani ya siku 14 tangu kununua na gemu iwe imechezwa chini ya saa 2. Kupakua hakuhesabiwi, kucheza ndiko kunakohesabiwa. Lakini ukiiacha gemu wazi ukaenda kula, saa zile zinaendelea kuhesabika kana kwamba unacheza. Ukijua unataka kuijaribu tu, ifunge kila unapoinuka. Epic Games nayo hufuata siku 14 na saa 2 kwa gemu zake nyingi. Wenye kompyuta wa Kindu wakumbuke kwamba gemu ya GB 50 inaweza kuchukua wiki kadhaa kupakuliwa kwa mtandao wetu, na siku 14 hazisubiri upakuaji uishe. Mega zilizotumika nazo hazirudishwi na mtu yeyote.

PlayStation ni kali zaidi. Siku ni 14 vilevile, lakini ukianza tu kupakua, haki ya kubadilisha mawazo imekwisha, isipokuwa gemu iwe na kasoro. Kwa hiyo mwenye chumba cha michezo azime upakuaji wa moja kwa moja kwenye mashine yake, ili apate nafasi ya kuhakikisha kwamba alichonunua ndicho alichokitaka. Nintendo huhesabu mauzo ya dukani kwake kuwa ya mwisho.

Gemu yenye kasoro

Kubadilisha mawazo ni jambo moja, gemu mbovu ni jambo jingine, na hapa mnunuzi ana nguvu zaidi kuliko anavyodhani. Tarehe 10 Desemba 2020 kampuni ya Poland iitwayo CD Projekt ilitoa Cyberpunk 2077. Kwenye PlayStation 4 gemu ilikwama na kujizima kila mara. Wanunuzi walilalamika kwa wingi, na kabla ya siku 10 kutimia Sony, wenye PlayStation, iliitoa dukani kwake na kuahidi kumrudishia pesa kila aliyeinunua hapo, hata aliyekwisha kuipakua. Gemu hiyo ilirudi dukani Juni 2021 baada ya kurekebishwa. Mwaka 2024 Sony ilifanya hivyo hivyo kwa gemu yake yenyewe, Concord: iliingia sokoni tarehe 23 Agosti, ikazimwa tarehe 6 Septemba, na wanunuzi wakarudishiwa pesa zao.

Ukiwa na gemu mbovu, usiandike tu kwamba hujaipenda. Eleza inakwama wapi, kwenye simu au mashine ya aina gani, tangu lini, na upige picha ya skrini inayoonyesha kosa. Weka risiti uliyotumiwa kwa baruapepe, namba ya agizo, na ujumbe wa simu unaoonyesha pesa ilivyotoka. Wahudumu hujibu Kifaransa, na sentensi mbili tatu zilizonyooka zinatosha. Aliyetukana huchelewesha jibu lake mwenyewe.

Mtoto aliyenunua kwa simu ya mzazi

Wazazi wengi humchapa mtoto kwanza, halafu ndipo wanauliza kilichotokea. Tunawaomba waanze na simu. Gemu nyingi za watoto hutolewa bure, kisha ndani yake kuna almasi, sarafu na mavazi yanayolipiwa kwa kubonyeza mara moja. Serikali ya Marekani ilichunguza jambo hili na kukuta kwamba kwenye iPhone, mzazi akishaandika namba yake ya siri mara moja, mtoto alipata dakika 15 za kununua bila kuulizwa tena. Mwaka 2014 Apple ilikubali kurudisha angalau dola milioni 32.5 kwa wazazi, na Google angalau dola milioni 19. Desemba 2022 Epic, wenye Fortnite, walikubali kutenga dola milioni 245 za kuwarudishia wachezaji na wazazi, kwa sababu vitufe vya gemu yao vilipangwa kwa namna ya kuwafanya watu wanunue bila kukusudia.

Mzazi mwenzetu, ukiona pesa imeondoka, ingia kwenye duka kwa akaunti yako siku hiyo hiyo, chagua sababu inayosema kwamba mtoto alinunua bila idhini, na ueleze ukweli. Kwa malipo yaliyofanywa na mtu usiyemjua kabisa, Google hupokea taarifa hadi siku 120 baada ya malipo. Kisha funga mlango: kwenye mipangilio ya Google Play weka sharti la kuulizwa namba ya siri kwa kila ununuzi, na namba hiyo isifanane na ya kufungulia simu. Namba ya siri ya M-Pesa asipewe mtoto hata kwa kumtuma kabini. Ukiwa umempa mwenyewe, duka litakuwa na sababu ya kukataa.

Almasi za bei ya kutupa, na wanaojiita warudishaji

Kwenye Facebook na WhatsApp kuna watu wanaouza almasi kwa nusu ya bei. Baadhi yao huchukua pesa na kutoweka. Wengine huzileta kweli, lakini wamezilipia kwa kadi iliyoibwa. Mwenye kadi akilalamika benki, malipo hufutwa, na kampuni ya gemu huziondoa almasi au kuifunga akaunti yako pamoja na yote uliyoyakusanya kwa miaka. Hapo huna wa kumdai.

Hatari ya pili humfuata mtu aliyekwisha kuumia. Atapigiwa simu na anayejitambulisha kuwa mfanyakazi wa duka au wa kampuni ya simu, akisema pesa yako iko tayari, tuma kwanza ada kidogo au nitajie namba iliyoingia kwenye simu yako. Hakuna duka linalodai ada ili kurudisha pesa, wala linalouliza namba ya siri. Kata simu.

Mwenye kadi naye asikimbilie benki kufuta malipo kabla ya kuliomba duka. Maduka mengi huifungia akaunti iliyofutiwa malipo kwa njia hiyo, na gemu zote zilizomo hazitafunguka mpaka deni limalizwe. Benki iwe njia ya mwisho, duka likikataa dai la haki au likinyamaza.

Ukikataliwa

Jibu la kwanza la kukataa mara nyingi hutolewa na mashine. Omba lipitiwe tena, ukiongeza ushahidi ambao hukuupeleka mwanzoni, kisha iandikie kampuni iliyotengeneza gemu.

Masharti ya duka hayako juu ya sheria za nchi. Tume ya ushindani na walaji ya Australia iliishtaki Valve, wenye Steam, mwaka 2014 kwa kuwaambia wanunuzi kwamba hawana haki ya kurudishiwa pesa. Valve ilijitetea kwamba mikataba yake inafuata sheria za Marekani. Mahakama ilikataa utetezi huo, na Desemba 2016 ikaitoza faini ya dola za Australia milioni 3. Mwongozo wa Umoja wa Mataifa wa kuwalinda walaji, uliopitishwa mwaka 1985, uliongezewa biashara ya mtandaoni mwaka 2015. Nchi yetu ina Kanuni ya Dijitali, iliyotiwa saini tarehe 13 Machi 2023, inayogusa biashara ya mtandaoni, data za watu na uhalifu wa kimtandao.

Ikiwa tatizo liko kwenye pesa ya simu, kwa mfano imekatwa mara mbili au imekwenda kwa namba isiyo yako, anza na huduma kwa wateja ya kampuni ya simu na uchukue namba ya lalamiko. Mtandao wa simu unasimamiwa na ARPTC, na pesa za kielektroniki zinasimamiwa na Banque Centrale du Congo. Lalamiko lisilojibiwa lipelekwe kwa maandishi. Aliyetapeliwa na mtu anayemfahamu hapa mjini aende polisi au Parquet akiwa na jumbe zote alizoandikiana naye. Usifute hata moja, hata zile zinazokukasirisha.

Kama umelipia gemu jana na leo imegoma kufunguka, weka kijitabu hiki chini sasa hivi, tafuta risiti, na uandike ombi lako kabla mtandao haujapotea.