Somo la Leo: Bajeti Inavyofika Jikoni

Kila mwezi wa Juni tunasikia redioni Waziri wa Fedha akisoma bajeti Bungeni, Dodoma. Wengi wetu tunazima redio. Tunasema hayo ni mambo ya wakubwa. Lakini bajeti inakuja mpaka jikoni, hata kwa mtu ambaye hajawahi kushika risiti ya kodi.

Bajeti ni mpango wa mapato na matumizi ya serikali, tangu tarehe 1 Julai mpaka 30 Juni.

Tutazame mashine ya kusaga ya dizeli kijijini Kasulu. Mafuta yake yametoka ng'ambo, yameshushwa bandarini, yakaletwa kwa lori mpaka huku kwetu, safari ya siku kadhaa. Ndani ya bei ya kila lita mna kodi. Je, mwenye mashine anailipa peke yake? Hapana. Anaitia katika bei ya kusaga. Basi mama aliyeleta debe la mahindi au muhogo mkavu ndiye anayeilipa, ingawa hakuiona.

Mnunuzi wa maharage anayefika Kibondo na lori hufanya vivyo hivyo, ila yeye haongezi, anapunguza. Dizeli ikipanda, gunia la mkulima linashuka bei.

Mwaka 2022 vita vya Ukraine vilipandisha bei ya mafuta duniani. Kuanzia Juni serikali ikatoa ruzuku ya shilingi bilioni 100. Ruzuku ni fedha ya serikali inayolipa sehemu ya bei, ili mnunuzi alipe kidogo. Fedha hiyo haikunyesha kama mvua. Serikali ilisema imejibana katika matumizi mengine. Mwaka huohuo ikaja na ruzuku ya mbolea.

Ruzuku huondolewa pia. Katika bajeti ya Juni 1984, iliyosomwa na Ndugu Cleopa Msuya, nchi ikiwa taabani, ruzuku ya unga wa sembe iliondolewa. Mtu wa mjini anayenunua kila kilo aliumia. Mwenye mahindi ghalani hakuumia kwa unga. Yeye shida yake ilikuwa sabuni.

Kodi ya maendeleo ilidaiwa mlangoni, mpaka ilipofutwa mwaka 2003. Hiyo angalau mtu aliiona ikija!

Maswali ya kujadiliana

1. Kijijini kwenu kusaga debe moja ni shilingi ngapi? Mwaka jana ilikuwa ngapi?

2. Muulizeni mwenye mashine: ni mafuta au vipuri vilivyopandisha bei?

3. Fedha haitoshi. Ungetoa ruzuku ya dizeli au ya mbolea? Nani angeumia?