Suruali Imetoka Wapi?

Katika mjadala wa chama chetu muhula uliopita, jamaa mmoja wa Ruiru alidai ati Kiswahili ni lugha ya kuombaomba: hata suruali tumeazima, ilhali Kiingereza kina maneno yake. Wengi walipiga makofi. Basi hebu tuanze na hiyohiyo suruali.

Ni kweli, suruali ni Kiarabu, sirwal. Lakini Waarabu nao walilitoa neno hilo kwa Waajemi. Ndugu yake ni shalwar, ile suruali wanayovaa akina mama wa Kihindi tunaowaona madukani mjini Thika.

Sasa tumgeukie Mwingereza. Walowezi waliokuja kulima kahawa huku kwetu walipanda farasi; Elspeth Huxley ameeleza maisha yao hapa Thika tangu 1913 katika kitabu chake cha mwaka 1959. Suruali ya kupandia farasi iliyopendwa na Waingereza enzi hizo ilikuwa kioja: mapajani imefura kama puto, kuanzia gotini hadi kifundoni imebana kabisa. Msicheke, ilikuwa na sababu. Kitambaa cha zamani hakikuvutika, kwa hivyo mtu akipanua miguu juu ya tandiko bila nafasi ya kutosha, mara imepasuka! Na chini, kitambaa kikilegea hujikunja kikachubua ngozi. Vilipokuja vitambaa vya kuvutika, ule upana ukaachwa.

Jina lake je? Jodhpurs. Jodhpur ni mji wa Rajasthan, India, ulioanzishwa na Rao Jodha mwaka 1459. Pur maana yake mji. Mwaka 1897 Sir Pratap Singh wa Jodhpur alikwenda London na timu yake ya polo, kwenye sherehe za miaka 60 ya utawala wa Malkia Victoria. Waingereza wakaipenda suruali ile, wakaichukua na jina lake. Hata kaki, kitambaa cha kaptula zetu, ni neno walilookota India: maana yake rangi ya vumbi. Pajama vilevile, yaani vazi la miguu.

Sisi nasi kitambaa kilicholetwa Unguja na meli za Marekani karne ya 19 tulikiita marekani, basi. Na longi ya bwenini tumeivisha irabu mwishoni ili itamkike.

Tena tunasema suruali yangu imepasuka, suruali zangu zimepasuka. Hakuna Mwarabu atakayekuelewa ukimsemesha hivyo.